Ufupi si Fadhila kwenye Simu ya Mbali

Ndugu malenga na wapenzi wa lugha, nawasalimu kwanza, maana makala haya yanatetea salamu.

Juma lililopita nilisimama uani kwangu, Mbagala, simu sikioni, kidole kimeziba sikio la pili. Aliyenipigia ni binti wa marehemu kaka yangu, anayefanya kazi Muscat. Nje ya ukuta ilikuwa inapita baiskeli yenye kipaza sauti, ikitangaza dawa ya panya, mende na kunguni kwa sauti iliyorekodiwa. Mazungumzo yetu yalikuwa hivi:

“Shangazi, shikamoo.”

“Marahaba, mwanangu. Hujambo huko?”

“Sijambo. Shangazi, …takuja mwezi huu.”

“Umesemaje?”

“Nimesema …takuja!”

“Hebu rudia, mwanangu.”

“…takuja, Shangazi, mwezi huu! Kwani hapo nani ana panya?”

Mjukuu wangu, kijana wa kidato cha nne, alikuwa amekaa kibarazani akinitazama kwa huruma. “Bibi,” akasema, “unauliza jambo moja mara tatu. Unammalizia mwenzako kifurushi. Fupisha.” Sikumsikiliza. Nikauliza mara ya nne, lakini kwa umbo jingine: “Mwanangu, nije uwanja wa ndege kukupokea au nisije?” Jibu likaja wazi: “Usije! Haji mtu! Likizo imesogezwa mbele!”

Kumbe muda wote alikuwa akisema sitakuja. Mimi, mwalimu wa Kiswahili niliyestaafu kwa heshima, nilikuwa nimeridhika kabisa kwamba nasikia nitakuja. Lau ningemtii mjukuu wangu, ningekodi Noah, nikawapakia ndugu saba pamoja na watoto wao, tukakatiza foleni yote hadi uwanja wa Julius Nyerere kumpokea mtu aliye kazini Muscat.

Nisingelileta kisa hiki mbele yenu kama ungekuwa utundu wa mjukuu peke yake. Lakini fikra ile ya “fupisha” siku hizi naisikia hata kwa watu wazima waliosoma, wakiwamo washairi. Hoja yao naifahamu. Wanasema salamu ndefu kwenye simu ni mazoea ya kijijini. Kurudia jambo ni dalili ya akili isiyopangika. Na Kiswahili kwa maumbile yake ni lugha ya ufupi, kwa kuwa neno moja ndani yake ni sentensi nzima. Basi, wanasema, mtu apige simu, aseme jambo lake, akate.

Napinga. Nasema kwamba kwenye simu ya mbali ufupi si adabu wala si ufundi. Nasema zaidi: kwa sababu ya namna Kiswahili kinavyokanusha, msemaji wake ana wajibu wa kurudia kuliko wasemaji wa lugha nyingi nyingine.

Tuanze na asili ya tabia yenyewe. Neno simu tumelipata kwa Waajemi, ambao kwao sim ni waya. Waya wa baharini kutoka Aden uliifikia Zanzibar mwaka 1879, na kwa muda mrefu simu ilikuwa ni telegramu kabla jina halijahamia kwenye chombo cha kusemea. Telegramu ililipiwa kwa neno. Hapo Mswahili alikuwa tajiri. Mwingereza aliyetaka kusema “hatutakusubiri” alilipia maneno sita; sisi tulilipia moja. Ndipo sifa ya ufupi ilipoota mizizi, na kwa telegramu ilikuwa sifa halali. Kwa nini? Kwa kuwa telegramu ilifika kwa herufi. Karani aliiandika H kwenye karatasi, tarishi akaileta, nawe ukaiona kwa macho yako. Neno HATAKUJA halikuweza kufika kwako likiwa ATAKUJA ila kwa uzembe wa mtu.

Simu ya kusemea ilirithi ufupi wa telegramu bila kurithi herufi zake. Hapo ndipo penye kosa, na wapenda ufupi hawajalitazama.

Ruhusuni mwalimu achukue chaki. Simu ya kawaida haibebi sauti yote ya binadamu. Ilipangwa ipitishe mitetemo ya kati ya Hezi 300 na 3,400 hivi, kwa kuwa hiyo yatosha maneno kufahamika bila gharama kubwa. Irabu zetu hupita hapo salama. Lakini S ina nguvu yake kubwa juu ya Hezi 4,000, nje ya mlango huo. Ndiyo maana simuni S na F hufanana kama mapacha. Nayo H si chochote ila pumzi, na pumzi ndiyo kitu cha kwanza kumezwa na mvumo wa laini, upepo au tangazo la dawa ya panya. Simu za siku hizi zinazopita kwenye intaneti hubeba sauti pana zaidi, lakini nazo hudondosha vipande njiani, na kipande kikidondoka hakichagui.

Sasa jiulizeni: Kiswahili kimeweka wapi ukanushi wake? Kimeuweka mwanzoni mwa neno, mahali ambapo msikilizaji bado anasema “haloo”. Na kimeuweka kwenye sauti zipi? Kwenye H na S. Hatakuja na atakuja zimetenganishwa na pumzi moja. Sitakuja na nitakuja zimetenganishwa na konsonanti moja, na irabu ni ileile.

Malenga, msidhani mizani itawaokoa. Ha-ta-ku-ja, mizani nne. A-ta-ku-ja, mizani nne. Kina ni ja kwa zote mbili. Ubeti mzima waweza kugeuka maana kutoka kuja hadi kutokuja na mhakiki mkali kuliko wote asione palipopungua.

Tena litazameni jambo hili, ambalo nimelifundisha darasani miaka mingi bila kufikiria simu. Wakati uliopo una mlinzi wake. Tukisema anakuja, kanushi yake ni haji, anataka, hataki, anasafiri, hasafiri. Kiambishi cha wakati huondoka, na mara nyingi irabu ya mwisho hugeuka kuwa i. Hata H ikimezwa, sikio hubaki na “ataki”, ambalo si neno, nalo sikio hushtuka na kuuliza. Wakati uliopita pia una mlinzi: alifika, hakufika. Timilifu vilevile: amefika, hajafika. Wakati ujao peke yake umeachwa uchi. -ta- iko kwenye yakinishi na kwenye kanushi. Irabu ya mwisho ni a huku na a kule. Hatapona, atapona. Hatalipa, atalipa. Na watu walio mbali huzungumza nini kwenye simu kama si wakati ujao? Nani atakuja, lini atakuja, hela itafika au haitafika. Tumeupeleka wakati ulio dhaifu kuliko zote kwenye chombo kilicho kiziwi kuliko vyote, kisha tunaambiwa tufupishe!

Sitaki mdhani nalia kwa ajili ya nauli ya Noah. Nina deni la zamani na jambo hili.

Mwaka 1986 nilikuwa mwalimu kijana katika shule moja mkoani Ruvuma, zaidi ya kilomita 900 kutoka nyumbani kwetu Temeke. Simu ya shule ilikuwa moja tu, ofisini kwa mkuu wa shule. Ukitoka Dar es Salaam ulikwenda kwenye ofisi ya simu, ukaomba laini kwa opereta, ukakaa kwenye benchi ukingoja jina lako, na ukiipata ulijua kwamba dakika tatu zinahesabiwa. Asubuhi ya Jumatatu moja niliitwa ofisini. Alikuwa kaka yangu. Sauti yake ilikuwa kama ya mtu aliye ndani ya mtungi.

“Mdogo wangu, mama ametutoka alfajiri. …tazikwa leo.”

“Sawa, kaka.”

“Sawa.”

Akakata. Hatukutumia hata dakika moja katika zile tatu. Nilisikia atazikwa leo. Nikapiga hesabu: basi ni safari ya mchana na usiku wake, siwezi kuwahi. Basi nikakaa. Walimu wenzangu wakanifanyia matanga mafupi pale pale shuleni, nikashughulikia ruhusa, nikakopa nauli, nikaondoka Alhamisi kwa utulivu wa mtu ambaye hana tena cha kukimbilia.

Nilifika Ijumaa. Udongo wa kaburi ulikuwa mbichi. Walikuwa wamemzika Alhamisi alasiri, baada ya kunisubiri siku tatu, wakijaribu kupata laini nyingine bila mafanikio, na mama yangu yuko chumba cha maiti. Kaka hakunipa mkono. Aliniambia neno moja, “Tulikungoja,” akaingia ndani.

Siku ya arobaini tu ndipo tulipoweza kuketi na kulisema. “Nilikwambia hatazikwa leo.” “Uliniambia atazikwa leo.” Tukayatamka maneno hayo mawili mle sebuleni, yeye lake na mimi langu, na ndani ya chumba kile yalikuwa mbali kama mashariki na magharibi. Hata mtoto asingeyachanganya. Kaka akanyamaza kwa muda mrefu, kisha akasema kwamba alifupisha kwa sababu aliogopa gharama, na kwa sababu hakutaka kulia mbele ya watu wa kwenye benchi. Mimi nami sikuuliza kwa sababu nilidhani kumfanya mfiwa mwenzangu arudie habari ile ni ukatili.

Tazameni yale maneno mawili, “Sawa, kaka,” na “Sawa.” Sisi wawili tulikubaliana kikamilifu, kwa neno moja, juu ya mambo mawili yanayopingana. Sawa ndiyo neno la hatari kuliko yote kwenye simu. Linamwambia msemaji kwamba umesikia. Halimwambii umesikia nini.

Walio na kazi za hatari walijifunza hili kwa damu. Tarehe 27 Machi 1977, katika uwanja wa ndege wa kisiwa cha Tenerife, ndege mbili kubwa ziligongana ardhini wakati wa ukungu, wakafa watu 583. Miongoni mwa sababu zilizotajwa ni mawasiliano ya redio kati ya mnara na rubani: kauli fupi isiyo wazi, jibu la “sawa”, na mvumo uliofunika maneno yaliyofuata. Baada ya hapo lugha ya marubani ilikazwa. Leo rubani akipewa ruhusa haitikii “sawa” akaishia hapo. Huirudia ruhusa yenyewe, na mnara humsikiliza kama ameirudia vema. Hakuna anayemwambia kwamba akili yake haijapangika.

Na sisi tulikuwa na utaratibu huo kabla ya ndege. Wazee wangu walipotuma mtoto na ujumbe, walimwambia: “Haya, nimekwambiaje?” Mtoto akaurudia ndipo akaachiwa aende. Bibi yangu hakuwahi kusema jambo zito kwa umbo moja. Alisema: “Hatakuja. Haji. Msimngoje, fungeni mlango mlale.” Ukipoteza la kwanza, la pili lakushika, ukipoteza la pili, la tatu lakulaza. Huo ndio ninaouita ufundi.

Nawashangaa zaidi malenga wanaobeza marudio. Ni nani aliyetufundisha kibwagizo? Beti zinakwenda, nacho kinarudi kilekile, na hakuna msikilizaji anayesema mtunzi amemaliza kifurushi. Waliotunga mashairi ya kuimbwa mbele ya umati, bila kipaza sauti, upepo wa bahari ukivuma, walijua kwamba si kila sikio litalipata neno mara ya kwanza. Hata yule dada wa kwenye mitambo, atuambiaye kwamba namba tunayopiga haipatikani kwa sasa, husema kwa Kiswahili kisha akarudia kwa Kiingereza. Jirani yangu mmoja mzee alikuwa akimjibu kila mara, “Ahsante mwanangu, akirudi mwambie nilimtafuta.” Tulimcheka. Lakini yule mzee alikuwa akitimiza sehemu yake ya mazungumzo. Mashine ndiyo iliyoshindwa.

Najua majibu ya wapinzani wangu, nami nitayapokea moja moja.

La kwanza ni gharama. Mwaka 1986 hoja hii ilikuwa na uzito, na bado kuna mtu anayehesabu salio lake hadi shilingi ya mwisho, huyo simlaumu. Lakini wengi wanaonihimiza nifupishe wananunua kifurushi ambacho dakika zake huisha muda zikiwa hazijatumika. Wanabana maneno ili kuokoa dakika, kisha wanazitupa dakika zenyewe usiku wa manane.

La pili ni kwamba anayetaka uhakika aandike ujumbe. Hoja hii ingekuwa nzuri kama tungeandika. Lakini tazameni ujumbe tunaoletewa: uyu kwa huyu, apo kwa hapo, ilo kwa hilo, na kinyume chake, haina ya gari kwa aina ya gari. Vijana wetu wameiondoa H mahali pake na kuipachika pasipo pake. Nimepokea mwaliko ulioandikwa “bwana harusi atachelewa”, na mpaka leo sijui kama ilikuwa ahadi au tahadhari, kwa kuwa mwandishi yuleyule aliandika “hatapokea wageni mwenyewe” akiwa na maana kwamba atawapokea. Ulinzi tuliokuwa nao kwenye telegramu tumeubomoa kwa vidole vyetu. H simuni humezwa na mashine. Kwenye maandishi tunaimeza wenyewe.

La tatu ni kwamba salamu hazina habari. Hapa ndipo nasimama imara zaidi. Salamu kwenye simu ya mbali ni kipimo. “Shikamoo, marahaba, habari za huko, wote hawajambo, yule mtoto wa jicho ameonwa na daktari?” Wakati haya yanapita, sikio linazoea sauti, laini inajulikana kama ni njema au mbovu, na kila mmoja anahakikisha nani yuko upande wa pili. Tapeli anayekutumia maneno “ile hela tuma kwenye namba hii” hana salamu, na hawezi kuwa nayo, kwa sababu hajui mtoto wa jicho ni nani. Ufupi ndio mtaji wake. Ukimlazimisha akusalimie kwa dakika mbili, biashara yake imekufa.

Basi napendekeza tuwafundishe vijana kusema simuni, kama tulivyofundishwa kuandika barua. Mosi, wasalimie, tena kwa ukamilifu, kabla ya jambo zito. Pili, wakikanusha wakati ujao, wakanushe kwa maumbo mawili: “hatakuja, haji”. Msahihishaji mmoja ataniambia kwamba haji nayo H ikimezwa yaweza kusikika kama “aje”. Kweli, ndiyo maana sikusema badala ya hatakuja, nimesema pamoja nayo. Haiwezekani kwa urahisi mambo mawili tofauti yaharibike kwa namna moja. Tatu, namba zirudiwe, hasa sita na tisa, ambazo zimeandikwa kwa herufi zilezile nne na zimewahi kuniweka stendi saa tatu nzima nikimsubiri mgeni wa saa tisa. Nne, anayepokea habari asiitikie “sawa” tupu. Aseme alichosikia: “Nimesikia atazikwa leo.”

Maneno matatu hayo, ndugu zangu. Lau ningeyasema asubuhi ile ofisini kwa mkuu wa shule, kaka angepiga kelele “La! Hazikwi mpaka ufike!” na mimi ningepanda basi jioni ileile.

Anayetaka kunipinga namkaribisha, na hata nikishindwa nitakubali. Akiamua kunipigia, aanze kwa salamu. Na kama hakubaliani nami, tafadhali neno “sikubali” alitamke mara tatu, maana baiskeli ya dawa ya panya hupita hapa kila asubuhi.